Mashairi Yaliyovuka Lugha: Tafsiri ya Ushairi Kariakoo na Dar es Salaam

Tafsiri ya ushairi mjini Dar es Salaam ilianzia misikitini na vyuoni, mahali ambapo beti za Kiarabu zilighaniwa mbele ya watu ambao wengi wao hawakukijua Kiarabu. Katika maulidi kaswida ilisomwa kwa mahadhi yake, mwalimu akaeleza maana kwa Kiswahili, na palipokuwa na beti za Kiswahili zilizotungwa kufuata asili hiyo, waumini wakaitikia kwa lugha yao wenyewe. Desturi hii ya pwani ilifuatana na watu wake hadi Kariakoo, mtaa uliowakusanya wenyeji wa Mrima, wahamiaji wa bara na wageni wa ng'ambo.

Wajerumani ndio walioanza kuupanga mtaa huo kuwa makazi ya Waafrika, na wakajenga jengo la soko ambalo vita vya 1914 viliwahi kabla halijatumika. Waingereza walipoutwaa mji Septemba 1916, jengo na uwanja wake vikawa kambi ya Carrier Corps, kikosi cha wapagazi waliobebeshwa mizigo ya jeshi. Jina la kikosi likabaki hapo kwa matamshi ya Kiswahili, na soko likafunguliwa 1923. Kuzunguka soko zikasimama nyumba za Kiswahili zenye vyumba sita, ukumbi katikati, uani nyuma na baraza mbele. Nyumba moja iliweza kuwa na Mzaramo, Mmanyema, Mnyamwezi na Mngazija, kila mmoja na nyimbo za kwao, huku dukani kukiwa na Mshihiri au Mhindi. Kiswahili kilikuwa lugha ya wote hao, na kwa sababu hiyo utungo uliotaka kusikika nje ya chumba kimoja ulilazimika kupita katika Kiswahili.

Watungaji wa pwani walikuwa na kielelezo cha zamani cha kazi hiyo. Aidarus bin Athman wa Pate aliufasiri utungo wa Hamziya wa al-Busiri, mshairi wa Misri wa karne ya 13. Wataalamu huiweka kazi yake ama katikati ya karne ya 17 ama katikati ya karne ya 18, na kwa vyovyote ni mojawapo ya tungo kongwe za Kiswahili zilizohifadhiwa kwa maandishi. Katika hati za mkono maneno ya Kiswahili huandikwa chini ya mshororo wa Kiarabu, kwa herufi zilezile za Kiarabu, ili msomaji atazame juu na chini kwa pamoja. Asili ina beti zaidi ya 450, na kila mmoja hukomea kwenye hamza, herufi iliyoupa utungo jina lake. Kiswahili hakina mwisho wa aina hiyo, kwa hiyo mfasiri aliokoa maana, akaokoa mwendo wa kughani, na sauti ya kina cha Kiarabu akaiacha kwa wenyewe. Baadaye, katika karne ya 19, Sayyid Mansab wa Lamu aliitia Maulidi ya Barzanji katika beti za Kiswahili. Kazi hizi zilikusudiwa masikio. Msomaji aliyekaa peke yake na kitabu hakuwa katika hesabu ya watungaji wake.

Hapa inafaa kueleza kinachomkabili mtu anayeingiza shairi la kigeni katika Kiswahili, kwa maana ndicho kilichoamua njia za wafasiri wote waliofuata. Shairi la kimapokeo huhesabiwa kwa mizani, yaani silabi. Mshororo wa shairi la kawaida la tarbia una mizani 16, nane kwa nane, wenye kina cha kati na kina cha mwisho, na ubeti una mishororo minne. Utenzi ni mwepesi zaidi: mishororo minne ya mizani nane, mitatu ya kwanza ikishirikiana kina, wa nne ukibeba kina kimoja kinachokwenda hadi mwisho wa utungo wote. Silabi nyingi za Kiswahili huishia kwa irabu, na viambishi vya ngeli na vitenzi hurudiarudia sauti zilezile, ndiyo maana kina hupatikana kwa urahisi. Kwa wingi huo wa vina, malenga wa pwani waliongeza masharti badala ya kuyapunguza, na kina cha kubahatisha au cha kiambishi kitupu wakakihesabu kuwa udhaifu. Ugumu uko kwenye urefu wa maneno. Kitenzi kimoja cha Kiswahili hubeba mtenda, wakati na mtendwa, kikamaliza nusu ya kipande cha mizani nane, ilhali mstari wa Kiingereza wa silabi kumi huweza kuwa na maneno kumi kamili. Tena mkazo wa neno la Kiswahili huangukia silabi ya pili kutoka mwisho, na mapigo ya mstari wa Kiingereza, yanayopenda kufunga kwa silabi yenye mkazo, hayana pa kushika. Mfasiri hupunguza mawazo ili yaenee, au hurefusha mshororo, au huongeza beti. Njia ya nne, ya kuvitupa vina kabisa, ilichelewa sana kujaribiwa.

Kulikuwa na njia nyingine, na hiyo ndiyo iliyopendwa zaidi mitaani: kuuchukua muziki wa kigeni na kuutungia maneno mapya. Unguja, Sultani Barghash alimpeleka Mohamed Ibrahim Cairo kujifunza kanuni, na kwa muda mrefu taarabu ya kasri ikaimbwa kwa Kiarabu. Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba, ndiye aliyeifanya iimbwe kwa Kiswahili na kusikika mbali. Alirekodi sahani za santuri Bombay mwaka 1928, na sahani hizo zikauzwa katika miji yote ya pwani. Dar es Salaam ikapata vyama vyake viwili vikubwa, Egyptian Musical Club na Al-Watan Musical Club. Jina la chama cha kwanza linatangaza wazi macho yalikoelekea. Nyimbo za Umm Kulthum na Muhammad Abdel Wahab zilifika kwa santuri, kwa filamu na kwa redio, na za Kihindi zikafika kwa sinema. Watungaji wakachukua mahadhi, wakayapa beti za Kiswahili zenye vina na mizani kamili, mara nyingi bila uhusiano wowote na maneno ya asili. Wapo wasomi wasiokubali kuiita kazi hiyo tafsiri. Lakini ni kazi ngumu ya lugha: mwimbaji lazima avute au akaze silabi nane za Kiswahili zilingane na sauti iliyotungiwa Kiarabu, na ubeti usipoteze maana unapovutwa. Mtunzi aliyejifunza hilo kwa udi na fidla alijua kuhusu mizani mambo ambayo hayamo katika kitabu chochote.

Mwaka uleule soko lilipofunguliwa, 1923, Idara ya Elimu ilianza kuchapa gazeti la Mambo Leo mjini Dar es Salaam. Kurasa zake za mashairi zilikuwa baraza la nchi nzima. Mtu wa Kariakoo aliuliza fumbo kwa beti, akajibiwa na mtu wa Tabora au Tanga miezi kadhaa baadaye, kwa vina vilevile. Washairi wengi walioandika humo walikuwa na lugha ya kwanza isiyo Kiswahili: Wagogo, Wamanyema, Wanyamwezi. Methali na taswira za kwao waliziingiza katika bahari, yaani aina za utungo, za pwani, na tafsiri hiyo, isiyotajwa jina na ambayo wengi hawakuitambua, ndiyo iliyopanua msamiati wa ushairi wa Kiswahili kuliko tafsiri zote zenye jalada. Kamati ya Lugha ya Afrika Mashariki, iliyoundwa 1930 ikiwa na makao Dar es Salaam, ilisanifisha tahajia. Ushairi haukutii usanifishaji huo kikamilifu, kwa kuwa malenga aliendelea kuchota Kimvita na Kiamu pale mizani ilipodai.

Aliyeandika masharti ya fani hiyo kwa ajili ya kizazi kipya alikuwa Kaluta Amri Abedi, mzaliwa wa Ujiji wa mwaka 1924. Alikuwa mwalimu wa dini wa jumuiya ya Ahmadiyya, na alishiriki katika tafsiri ya Kurani kwa Kiswahili ambayo jumuiya hiyo iliichapisha 1953 chini ya Sheikh Mubarak Ahmad. Mwaka uliofuata kikatoka kitabu chake cha Sheria za Kutunga Mashairi na Diwani ya Amri. Ndani yake alishikilia kwamba shairi ni wimbo, na lisiloimbika halistahili jina hilo. Mtu huyu alizijua lugha za maandiko na alijua uzito wa kuhamisha maneno matakatifu. Kwa hiyo masharti yake hayakutokana na kutojua ushairi wa wengine. Yalitokana na imani kwamba utungo wowote, uwe umezaliwa hapa au umetoka mbali, sharti upite koo la mwimbaji wa Kiswahili. Mwaka 1960 Amri Abedi akawa Mwafrika wa kwanza kuwa Meya wa Dar es Salaam, baadaye akawa Waziri wa Sheria, na akafariki 1964.

Kabla kitabu cha Amri Abedi hakijatoka, Shaaban Robert wa Tanga alikwisha chapisha, mwaka 1952, Omar Khayyam kwa Kiswahili. Hakufasiri kutoka Kiajemi. Alifuata Kiingereza cha Edward FitzGerald, ambaye toleo lake la kwanza, la 1859, lilikuwa na rubai 75 zilizopangwa upya kwa hiari kubwa ya mfasiri. Shairi la Uajemi la zama za kati likawa hivyo limepita Uingereza ya Malkia Victoria kabla ya kufika kwa Waswahili. Umbo la rubai, lenye mistari minne, lilikuwa jirani na ubeti wa Kiswahili, na maudhui ya dunia inayopita yalikuwa ya kale katika ushairi wa pwani. Kilichokuwa kigumu ni divai na mashaka, katika jamii ambayo ushairi wake wa mauti ulikuwa umeshikana na dini. Shaaban Robert, Mwislamu na mpenda maadili, hakuikimbia kazi hiyo, na ujasiri huo haujapewa heshima inayostahili. Alijaribu pia safari ya pili, ya kuyapeleka mashairi yake mwenyewe katika Kiingereza. Kitabu chake cha Almasi za Afrika kilikuja kuchapishwa pamoja na tafsiri. Washairi wachache wa Kiswahili wa kizazi chake walithubutu kusimama pande zote mbili za mto.

Siasa ililileta jina kubwa kuliko yote katika mitaa hii. Ofisi ya African Association, baadaye Tanganyika African Association (TAA), ilikuwa New Street, sasa Lumumba, na hapo ndipo chama cha TANU kilipoundwa tarehe 7 Julai 1954. Julius Nyerere alipoacha kazi ya ualimu Pugu mwaka 1955 alipokelewa Kariakoo, nyumbani kwa Abdulwahid Sykes, aliyekuwa msimamizi wa soko. Mikutano ya Mnazi Mmoja na Jangwani ilichanganya hotuba, ngoma za wanawake na mashairi. Saadani Kandoro na Amri Abedi walikuwa wanasiasa na washairi kwa pamoja. Nyerere, aliyesoma Edinburgh, alijifunza upya hapo namna Kiswahili kinavyowaendea watu elfu nyingi kwa sauti moja.

Tafsiri yake ya Julius Caesar ya Shakespeare ilitoka 1963, akiwa Rais, na toleo lililosahihishwa likaitwa Juliasi Kaizari, 1969. Mwaka huohuo ikatoka Mabepari wa Venisi. Katika tamthilia hizo Nyerere alifanya jambo ambalo Sheria za Amri Abedi zisingelipa jina la ushairi: alipanga mistari bila vina, kwa kuwa Shakespeare mwenyewe, katika sehemu kubwa ya tamthilia zake, hakutumia vina. Uamuzi huo ulikuwa sahihi. Tamthilia nzima ya vina vya kati na mwisho ingewachosha waigizaji na wasikilizaji, na mabishano ya wahusika yangegeuka malumbano ya washairi. Mahali tafsiri yake inapopanda juu zaidi ni katika hotuba, hasa ile ya Antonio mbele ya maiti ya Kaizari, na si vigumu kuona sababu: mfasiri alikuwa ameishi miaka kadhaa akisimama mbele ya umati. Samuel Mushi akafuata nyayo kwa Makbeth, 1968, na Tufani, 1969, zilizochapishwa na Tanzania Publishing House. Kwa muda mfupi, kati ya 1963 na 1969, Kiswahili kilipata tamthilia nne za Shakespeare, zote kwa kalamu za Watanzania.

Wakati huohuo chama cha UKUTA, yaani Usanifu wa Kiswahili na Ushairi Tanzania, kilikuwa kikilinda upande wa vina. Mwenyekiti wake Mathias Mnyampala, Mgogo aliyezaliwa 1917, alikuwa hakimu kwa kazi na mtunzi kwa moyo. Anakumbukwa kwa ngonjera, mashairi ya kujibizana yaliyoenezwa shuleni baada ya Azimio la Arusha. Kwa historia ya tafsiri, hata hivyo, kazi zake nzito ni Utenzi wa Enjili Takatifu na Utenzi wa Zaburi, zilizotoka katika miaka ya 1960. Ndani yake Mkristo wa Dodoma aliitumia bahari iliyokuzwa na Waislamu wa Lamu na Pate, bahari ileile iliyobeba vita vya Mtume na wasia wa Mwana Kupona, akaijaza maneno ya Daudi. Zaburi za Kiebrania hazina vina wala hesabu ya silabi. Zinasimama kwa mawazo yanayorudiwa kwa sura mbili. Utenzi unapenda kusonga mbele, hivyo marudio hayo ndiyo yaliyobanwa, na beti za Mnyampala zikawa za kusimulia zaidi kuliko za kulia. Jambo hilo linaonyesha gharama ya kuchagua bahari, na kila mfasiri hulipa gharama yake.

Mashairi yaliyotoka katika Kiswahili kwenda nje yalikuwa na bahati ndogo zaidi. Carl Velten, aliyekuwa mkalimani wa serikali ya Wajerumani Dar es Salaam katika miaka ya 1890 kabla ya kufundisha Berlin, alikusanya mashairi ya wenyeji na kuyachapisha kwa Kijerumani na Kiswahili. Miongoni mwake yamo yaliyotungwa juu ya kuja kwa Wajerumani wenyewe. J. W. T. Allen aliufasiri utenzi wa Hemedi bin Abdallah el Buhriy juu ya vita vya Wadachi kutamalaki Mrima, na W. H. Whiteley akaufasiri ule wa Maji Maji wa Abdul Karim bin Jamaliddini, uliotoka 1957. Kazi hizo zilihudumia historia kwanza. Kiingereza kiliwekwa kando ya Kiswahili ili msomaji afuate habari, na uimbaji ukaachwa. Allen alistahili shukrani kwa jambo lingine: katika miaka ya 1960 alikusanya hati za mkono za tenzi kwa ajili ya maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na nyingi zingepotea majumbani pamoja na wazee waliozimiliki.

Mgogoro wa vina uliwaka upya 1974, Euphrase Kezilahabi alipotoa Kichomi. Diwani hiyo ililetea Kiswahili shairi huru, na wanamapokeo wakadai kwamba ni ushairi wa Wazungu uliotafsiriwa bila kutajwa asili. Shutuma hiyo haikumtendea haki. Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, alikuwa pia na nyimbo za Kikerewe zisizofuata mizani ya pwani, na wakazi wengi wa Kariakoo waliotoka bara walikuwa na nyimbo za namna hiyo kwao. Mugyabuso Mulokozi na Kulikoyela Kahigi waliutetea msimamo huo kwa hoja kwamba Afrika ina bahari nyingi kuliko zile zilizoandikwa kwa Kiarabu. Hoja yao ilifungua mlango kwa wafasiri pia: aliyetaka kuleta shairi la kisasa kutoka lugha nyingine hakulazimika tena kulivisha vina ambavyo halikuwa navyo.

Nyerere mwenyewe alikwenda upande wa pili. Alipostaafu alirudi kwenye utenzi, akazigeuza Injili nne na Matendo ya Mitume kuwa beti za mizani nane, na vitabu hivyo vikachapishwa 1996 na Wabenediktini wa Ndanda na Peramiho, miaka mitatu kabla ya kifo chake. Mtu aliyemvua Shakespeare vina alimvika Mathayo vina. Hakuna kupingana hapo. Tamthilia iliandikwa kwa jukwaa la watu wanaozungumza, na Injili ilitafutiwa umbo la kukaririwa na kuimbwa na waumini. Kazi hiyo kubwa, yenye maelfu ya beti, husomwa kidogo kuliko tamthilia zake, nayo ndiyo inayoonyesha vizuri zaidi uwezo wake wa kutawala bahari moja kwa masafa marefu.

Soko la Kariakoo lilijengwa upya kwa mchoro wa msanifu Beda Amuli na kufunguliwa 1975. Sehemu yake iliungua Julai 2021 na kukarabatiwa. Nyumba nyingi za Kiswahili zimepisha maghorofa, na baraza zao zimekwenda nazo. Tafsiri ya mashairi imehamia zaidi vyuoni na kwa wachapishaji. Mwaka 2015 Annmarie Drury alitoa Marekani uteuzi wa mashairi ya Kezilahabi kwa Kiingereza, Stray Truths, na mwaka huohuo Mohammed Khelef Ghassani akapata tuzo ya Mabati-Cornell ya fasihi ya Kiswahili kwa diwani ya N'na Kwetu. Masharti ya tuzo hiyo yalijumuisha kuifasiri diwani bora kwa Kiingereza. Tafsiri ya siku hizi huangaliwa kama shairi la pili linalojitegemea, si kama maelezo ya kando ya hati. Lakini mashairi ya Mambo Leo, ya miongo yote ile ya majibizano, pamoja na beti za taarabu za Egyptian na Al-Watan, kwa sehemu kubwa hayajaingia katika lugha nyingine yoyote.